Mfalme Aliyeacha Kiti

Mwaka ule nilikuwa kidato cha tatu katika shule ya wasichana nje kidogo ya mji wa Kakamega, na maishani mwangu sikuwa nimewahi kuona maji mapana kuliko Mto Isiukhu ukifurika. Wengi wetu darasani tulikuwa hivyo. Tulizaliwa kati ya miwa na mahindi, na bahari kwetu ilikuwa rangi ya buluu kwenye ramani iliyochanika ukutani. Labda ndiyo maana hadithi ile ilitushika vile ilivyotushika.

Mwalimu wetu wa historia alikuwa mtu wa miaka thelathini na kitu, mwembamba, Mwislamu wa upande wa Mumias. Alikaa na mkewe na mtoto wao mchanga katika nyumba ya kupanga pale Amalemba. Alikuja shuleni kwa baiskeli, mguu wa suruali ameubana kwa kibanio cha kuanikia nguo, na mara nyingi alisahau kukitoa, akafundisha nacho mpaka saa sita. Tulimpenda kwa sababu hakutusomea noti. Walimu wengine waliingia na madaftari ya zamani yaliyogeuka manjano, wakasoma, nasi tukaandika mpaka vidole vikafa ganzi. Yeye aliingia mikono mitupu.

Siku ile mvua ya saa nane ilipiga mabati hata asisikike. Akangoja. Ilipolegea hakurudi kwenye ukurasa tuliokuwa tumeufungua. Alikaa juu ya dawati la mbele, akasema kitabu kimeeleza vizuri falme za Afrika ya Magharibi, lakini kimeruka jambo moja: Mali ilipata kuwa na mfalme aliyeacha kiti chake akaenda kutafuta mwisho wa bahari.

"Bahari gani, Mwalimu?" mmoja wetu akauliza.

"Ile ya upande jua linakotua. Atlantiki. Watu wake walimwambia haina mwisho. Yeye akasema kila kitu alichokiumba Mungu kina mwisho."

Akatusimulia. Mfalme yule alitayarisha mashua mia mbili, akazijaza watu, na nyingine mia mbili akazijaza dhahabu, maji na chakula cha miaka. Akawaambia manahodha: msirudi mpaka mfike mwisho wa bahari, au chakula na maji viwaishie. Wakaenda. Muda mrefu ukapita. Ikarudi mashua moja. Nahodha wake akaletwa mbele ya mfalme, akasema walisafiri mpaka wakakuta katikati ya bahari mto mkubwa unaokwenda kwa nguvu. Mashua zilizotangulia ziliingia katika mto ule, na kila iliyoingia haikuonekana tena. Yeye alikuwa wa mwisho. Aliona, akageuza.

Mfalme hakumwamini. Akatayarisha mashua elfu mbili, elfu moja za watu na elfu moja za maji na vyakula, akamwachia naibu wake kiti, akapanda. Hakuonekana tena.

Kule nje maji yalikuwa yakichuruzika kutoka kwenye mabati. Mimi nikainua mkono.

"Mwalimu, yule nahodha aliyerudi alifanywa nini?"

"Haikuandikwa," akasema.

"Alipelekwa tena?"

"Nimekwambia haikuandikwa, binti. Tunachokijua kimetoka kwa mtu mmoja tu. Yule naibu alipokuwa mfalme alikwenda Hija, akapita Misri, na mwenyeji wake akamuuliza amepataje ufalme. Ndipo akasimulia haya." Akashuka kwenye dawati. "Kwa hiyo tieni akilini: aliyesimulia ndiye aliyebaki na kiti. Inawezekana ni kweli tupu. Inawezekana pia mtu alizama karibu zaidi na nyumbani."

Hivyo ndivyo alivyotufundisha. Alikupa kitu kwa mkono huu, na kwa mkono wa pili akakuonyesha ufa wake.

Muhula wa kwanza ulikuwa wakati wa mashindano ya michezo ya kuigiza, na yeye ndiye aliyekuwa mlezi wa chama cha drama. Alituambia amechoka na michezo ya wasichana waliopachikwa mimba na baba walevi. Mwaka huu tutapeleka Mali. Akaandika sehemu ya kwanza mwenyewe, ya nahodha anaporudi. Kisha mtoto wake akaugua malaria, na ile sehemu ya mfalme kuaga ikabaki bila maneno. Siku moja baada ya vipindi akaniita, akanipa daftari.

"Wewe unayewahurumia manahodha," akasema, "mwandikie mfalme maneno ya kuagia. Asiwe mtu wa kulia. Awe mtu ambaye ameshaamua."

Shule yetu ilikuwa ya kutwa. Niliandika nyumbani, jikoni kwa mama, yeye akisonga obusuma, ugali wetu, na mimi nimekaa mlangoni kwenye mwanga. Niliandika kwa siku tatu. Maneno mengine nimeyasahau, lakini haya siwezi kuyasahau hata nikitaka: *Kiti si ngozi. Hakuna aliyezaliwa nacho, na mtu akikivua hafi. Kinachoua ni kukikalia mpaka usahau kwamba una miguu.*

Watu wameniuliza kama nilijua nilichokuwa nikiandika. Nimejiuliza mwenyewe mara nyingi kuliko wao. Nilikuwa na miaka kumi na sita. Redio yetu ilianza kila taarifa ya habari kwa jina moja, na sikumbuki wakati ambapo ilianza kwa jina jingine. Vyama vingi vilikuwa ndiyo vinarudi, watu wazima walizungumza kwa sauti za chini na kunyamaza watoto wakiingia. Nilijua kama mtu anavyojua kuna nyoka kwenye majani, hajamwona, lakini anapita mbali. Naapa nilikuwa nikimfikiria mfalme wa Mali. Lakini sikuyatoa hewani tu maneno yale.

Mwalimu aliyasoma amesimama, kisha akayasoma tena. "Nani amekusaidia?"

"Hakuna."

Akakunja daftari. Nilimwona akifikiri. Angeweza kuyafuta, na mpaka leo sijui kwa nini hakuyafuta. Alisema tu, "Basi tutayanakili kwa mwandiko wangu, ili waigizaji wote wasome kitu kimoja." Usiku huo, au asubuhi yake, aliyanakili, na daftari langu halikunirudia.

Aliyecheza mfalme alikuwa rafiki yangu, msichana mrefu wa Butali, binti wa mkulima wa miwa, mwenye sauti iliyoweza kumsimamisha ng'ombe ng'ambo ya mto. Alivaa kanzu ya Mwalimu, ambayo ilimtosha kabisa, na kofia tuliyoshona kwa karatasi za dhahabu. Mashua zilikuwa madawati yaliyopinduliwa. Ule mto wa baharini ulikuwa vitambaa vya buluu kutoka chumba cha ushonaji, wasichana wanane wakivipepea chini chini, na ilikuwa kitu cha kutisha kuona wenzako wakiingia katika vitambaa vile wakilala wasiinuke. Mimi nilikuwa nahodha. Nilikuwa na kazi ya kupiga magoti na kusema, "Niliona, nikageuza."

Tulicheza katika ukumbi wa shule nyingine, mbele ya walimu, wazazi, wanafunzi na wageni wa heshima waliokaa viti vya mbele vyenye mito. Sehemu yangu ilikwenda vizuri. Kisha rafiki yangu akasimama juu ya dawati lililopinduliwa, akamkabidhi naibu fimbo, akasema maneno ya kuaga. Aliyasema polepole. Alipofika "usahau kwamba una miguu", ukumbi ulikuwa umenyamaza hata nikasikia kitambaa kikiburutwa.

Ndipo mtu akapaza sauti kutoka nyuma. Haikuwa ya mwanafunzi. Ilikuwa sauti ya mwanamume mzima.

"Aende!"

Mwingine akaitikia, "Aende! Aende!" Mbinja zikapigwa, watu wakagonga miguu sakafuni, ukumbi wote wa nyuma ukawa unaimba neno moja. Rafiki yangu alidhani wanamshangilia yeye, akainua mikono yote miwili kama mfalme kweli. Viti vya mbele havikushangilia. Mgeni mmoja aliinuka, akafunga kifungo cha koti, akatoka kwa mlango wa pembeni, na wawili wakamfuata.

Jioni matokeo yalisomwa na shule yetu haikutajwa. Si ya kwanza, si ya mwisho, haikutajwa. Mwalimu alitukusanya karibu na lori la shule. "Mmefanya vizuri," akasema. "Nendeni mkapumzike." Aliikunja kanzu yake taratibu, mkono juu ya mkono, wala hakututazama.

Baba yangu alikuwa karani katika ofisi za mkoa. Mtu mtulivu, mwenye kuogopa wino kumwagika. Jumatatu alirudi nyumbani mchana, jambo ambalo hakuwa akilifanya, na akanikuta nimerudi kula. Akaniita nyuma ya zizi. Mimi nina jina la mama yake, na maisha yake yote aliniita hivyo, mama.

"Mama, ule mchezo wenu," akasema. "Nani aliandika?"

Nikatazama ndani ya zizi.

"Nimeitwa leo na mkubwa wangu. Ameniuliza mimi nafundishanga watoto wangu nini nyumbani." Mikono yake ilikuwa inatafuta mahali pa kukaa, mara mfukoni, mara kwenye nguzo za zizi. "Watakuja shuleni. Wakikuuliza, sema ukweli. Na ukweli ni kwamba mwalimu ndiye aliandika."

"Lakini, papa, ile sehemu ya—"

"Mwalimu ndiye aliandika." Aliniinamia karibu, nikasikia pumzi yake. "Una wadogo zako wanne. Unasikia? Wanne. Na mwandiko kwa kile kitabu cha mchezo ni wa nani?"

"Ni wa Mwalimu."

"Basi huo ndio ukweli."

Walikuja Jumatano, wanaume wawili wasiovaa sare, katika Landrova. Walituita mmoja mmoja katika ofisi ya mwalimu mkuu. Mwalimu mkuu, mama mnene mwenye huruma ambaye kwa kawaida alituita watoto wangu, alisimama dirishani akatupa mgongo muda wote.

Rafiki yangu aliingia kabla yangu. Alikaa huko muda mrefu, na alipotoka alikuwa na alama nyekundu shavuni. Alinipita mlangoni akanong'ona, "Nimesema sijui kitu. Mimi nilikuwa mfalme tu."

Nikaingia. Mmoja wao alikuwa mzee kidogo, mwenye sauti ya upole. Aliniambia nikae. Aliniuliza kijiji chetu, akaniuliza baba anafanya kazi wapi, ingawa alijua. Kisha akafungua kile kitabu cha mchezo na kuweka kidole.

"Soma hapa."

Nikasoma. Kiti si ngozi.

"Nani mfalme huyu?"

"Ni wa Mali. Wa zamani."

"Na hawa waliosema aende, walimaanisha mfalme wa Mali?"

"Sijui."

"Haya. Nani alitunga maneno haya?"

Nakumbuka kila kitu kilichokuwa juu ya meza ile. Kikombe cha chai kilichoota utando, mihuri miwili, kalenda ya duka la mbolea. Nakumbuka kwamba swali halikuulizwa kwa ukali. Kama angenipiga kama alivyopigwa rafiki yangu, pengine ningekuwa jasiri. Hilo ni jambo nililojiambia kwa miaka mingi, na sasa siliamini tena.

"Mwalimu wetu wa historia," nikasema.

"Ulimwona akiandika?"

"Ndiyo."

"Aliwaambia yanamaanisha nini?"

"Hapana. Alituambia tu mfalme awe mtu ambaye ameshaamua."

Aliandika hilo pia. Aliandika kwa makini, akanisomea yote, akanipa kalamu. Nikatia sahihi kwa mwandiko wangu mzuri wa shule.

Walimchukua kabla ya chakula cha mchana. Alikuwa akifundisha kidato cha kwanza, darasa la pili kutoka letu. Tulimsikia akiwaambia wasichana wamalize zoezi, kisha akapita mbele ya madirisha yetu katikati ya wale wawili. Kibanio kilikuwa bado kwenye suruali. Baiskeli yake ilibaki imeegemea ukuta wa maktaba kwa majuma, mpaka bawabu akaiingiza stoo.

Rafiki yangu alisimamishwa shule majuma mawili kwa utovu wa heshima. Majuma yalipoisha hakurudi. Baba yake alisema shule iliyomleta binti yake nyumbani na shavu lililovimba hairudiwi. Mwaka uliofuata aliolewa huko huko Butali. Nilikutana naye mara moja sokoni, ana mtoto mgongoni, tukasalimiana kama watu waliowahi kupanga nyumba moja. Hakunilaumu. Hakuniuliza nilisema nini ofisini. Nilitamani aulize.

Siku chache baada ya Mwalimu kuchukuliwa, mkewe alikuja mpaka lango la shule na mtoto amemfunga kwa leso. Alitaka kujua tu mumewe amepelekwa wapi. Bawabu aliambiwa asimfungulie. Alisimama pale tangu kengele ya saa nne mpaka mvua ikaanza, na ilipoanza hakukimbilia mahali. Alimfunika mtoto, akabaki. Nilimwona kutoka darasani. Nilikuwa na ruhusa ya kwenda msalani. Ningeweza kutoka, kufika langoni, kumwambia japo pole. Nilikaa.

Mwezi mmoja baadaye nilikwenda Amalemba na kikapu cha viazi vitamu. Mlango ulikuwa na kufuli geni. Jirani aliniambia kaka za Mwalimu walikuja na mkokoteni wakamchukua mkewe na vyombo vyake, wakarudi naye kwao Matungu.

Mwalimu mpya wa historia alisoma noti.

Nilimaliza kidato cha nne, nikapata kazi ya kufundisha bila cheti katika shule ya msingi Shianda. Ni huko, katika chumba cha walimu, nilikomsikia mwenzangu akimtaja Mwalimu yule aliyechukuliwa. Kumbe alikuwa ametoka siku nyingi. Alikaa ndani zaidi ya mwaka, hakufikishwa mbele ya hakimu hata siku moja, na alipotoka alikuta ameshafutwa kazi. Sasa alikuwa kwao Matungu, analima miwa katika kipande cha baba yake. Kutoka pale nilipofundisha mpaka kwao ilikuwa safari ya asubuhi moja kwa baiskeli. Ilinichukua miaka miwili kuifanya.

Nilikwenda Jumamosi, katika ile barabara ya vumbi miwa imesimama pande zote mbili kama kuta. Nilipiga hodi. Mkewe alitoka, akanitazama, akaitikia salamu kwa sauti isiyo baridi wala moto. Watoto sasa walikuwa wawili. Nilimwambia nilikuwa mwanafunzi wa mume wake. "Walikuwa wengi," akasema, akanionyesha nyuma ya nyumba.

Mwalimu alikuwa amekaa juu ya gunia akipukuchua mahindi. Nilisema, "Asalaam aleikum, Mwalimu," naye hakugeuka. Mkewe akaniambia, "Zunguka upande wa kulia. Hilo sikio la kushoto ni ukuta."

Nilizunguka. Aliponiona alicheka kidogo, na meno mawili ya mbele hayakuwapo. Mikono yake ilitetemeka, si sana, lakini haikuacha, na punje nyingine zilianguka nje ya ungo. Alinitajia jina langu lote.

"Nahodha," akasema. "Karibu ukae."

Nilikaa, nikaanza kupukuchua naye, kwa sababu sikujua nitaanzia wapi. Aliniuliza nafundisha nini. Nikamwambia hesabu na Kiswahili. Akasema vizuri, hesabu haimfungi mtu. Kisha tukapukuchua mpaka ungo ukajaa nusu.

"Mwalimu," nikasema, "nilitia sahihi. Walipouliza nani aliandika, nilisema ni wewe. Nilisema nilikuona ukiandika."

"Najua. Walinisomea."

"Maneno yalikuwa yangu."

"Hata hilo najua," akasema, na kwa mara ya kwanza nilisikia hasira, ndogo, kama cheche ya jiko linalokufa. "Unadhani nilisahau?"

Nililia. Alingoja nimalize, hakunifariji. Kisha akaweka gunzi chini, akafuta mikono kwenye magoti.

"Sasa nikwambie na mimi, maana umekuja mbali," akasema. "Usidhani nilikulinda. Siku ya kwanza nilisema nimeandika mimi. Siku ya pili pia. Siku ya tatu nilikutaja. Nilikutaja jina lako, na la baba yako, na ofisi anayofanya kazi. Nilisema, nendeni mkamchukue yule msichana, ndiye aliyeandika, mimi nilinakili tu. Nililia nikiyasema."

Sikuweza kumtazama. Nilitazama mahindi.

"Unajua walifanya nini?" akaendelea. "Walicheka. Walisema msichana wa shule hawezi kutoa maneno kama yale. Walisema mimi ni mwanamume gani, najificha nyuma ya mtoto wa kike. Baada ya hapo ndipo wakalifanyia kazi hili sikio." Aligusa kichwa upande wa kushoto. "Kwa hiyo hukunipeleka wewe, na wala mimi sikukuokoa. Hawakuniamini, basi. Kama wangeniamini, ungekuwa na hadithi nyingine ya kunisimulia leo."

Jogoo alipita kati yetu akadonoa punje. Hakumfukuza.

"Mbona hukuyafuta?" nikauliza mwishowe. "Uliposoma daftari langu siku ile. Ungeyafuta tu."

Alifikiri kwa muda mrefu, kama zamani darasani mtu akimwuliza swali jema.

"Yalikuwa mazuri," akasema. "Nilikuwa mwalimu. Mwanafunzi amekuletea kitu kizuri kuliko ulichokiandika wewe, utafuta kwa mkono gani? Ni upumbavu. Mke wangu ananiambianga ni upumbavu, na ana haki."

Mkewe alileta chai na mihogo ya kuchemsha. Tulikula watatu. Nilipoinuka kuaga, Mwalimu alinipa mkono, nikausikia ukitetemeka ndani ya wangu.

"Usije tena," akasema. Hakusema kwa ubaya. "Ukija nitakumbuka kwamba nilikutaja. Nimeshazoea kutokumbuka."

Sikwenda tena. Nimewahi kuambiwa na watu wema kwamba ningekwenda tu, kwamba mtu akikuambia usije anataka uje. Sidhani. Alikuwa mtu wa kusema alichomaanisha.

Alifariki miaka michache baadaye, miaka ya tisini ikielekea mwisho, mapafu yalimshinda. Nilisikia asubuhi, na alizikwa siku hiyo hiyo baada ya sala ya adhuhuri. Nilifika wanaume wakiwa wameshaondoka na jeneza kuelekea makaburini. Nilikaa na wanawake mkekani, nikiwa nimejitanda kitambaa kichwani. Mama mmoja mzee aliniuliza nina undugu gani na marehemu. Nikamwambia alinifundisha. Akaniuliza, "Alikuwa mwalimu? Mimi nilimjua kwa miwa tu."

Baba alikuwa amestaafu wakati huo. Tangu siku ile ya nyuma ya zizi hatukuwa tumewahi kulizungumza, hata mara moja, na tulikaa nyumba moja, tukala sahani moja. Nilipomwambia Mwalimu amekufa, aliuliza ana watoto wangapi. Nikamwambia wawili, mkubwa yuko darasa la tatu.

Jumapili iliyofuata hakwenda kanisani. Alimkamata jogoo mkubwa kuliko wote, akamfunga miguu, akamlaza kwenye keria ya baiskeli juu ya gunia la mahindi. Alivaa lile koti lake la ofisini. Mama alimwuliza anakwenda wapi, akasema Matungu. Ni mbali kwa mtu wa umri wake, lakini hakutaka kusindikizwa.

Alirudi jioni, amepauka kwa vumbi mpaka nyusi. Jogoo alikuwa bado amefungwa kwenye keria, na gunia lilikuwa bado chini yake.

"Hawakuwapo?" mama akauliza.

"Mama watoto alikuwapo. Alinikaribisha, akanipa maji."

"Mbona umerudi na vitu?"

Baba alikaa kwenye kizingiti akaanza kuvua viatu. Ilimchukua muda, kamba ziliingia mafundo.

"Nilimwambia nilikuwanga nafanya kazi wapi," akasema. "Akaniambia nichukue vitu vyangu."

Mama alimtazama, kisha akanitazama mimi. Akaenda kwenye baiskeli, akamfungua jogoo miguu. Jogoo hakuweza kusimama mara moja. Alianguka ubavu, akapiga mbawa chini, mpaka damu iliporudi miguuni akainuka akaenda kujiunga na kuku wengine. Baba aliingia ndani na soksi. Mimi na mama tulilishika lile gunia huku na huku, tukalirudisha ghalani.